Namna ya Kuzisoma Takwimu za Mechi Zako za Karibuni

Siku ya soko Ogwedhi, huko Migori, jua likiisha kupinda na wachuuzi wa ng'ombe wakiwa wamekwisha kuhesabu fedha zao, vijana hukusanyika katika vibaraza vya maduka ya M-Pesa na ya kuchajia simu, kila mmoja ameinamia skrini yake akipiga na kupigwa risasi na watu asiowaona, walioko Mombasa, Dubai au Cairo, na baina ya mechi moja na nyingine swali lisilokosekana ni hili: "Omera, K/D yako ni ngapi?" Aulizwaye hutaja tarakimu moja yenye nukta katikati, ipimayo maadui aliowamaliza dhidi ya vifo vyake, akasifiwa au akachekwa kwa kadiri ya tarakimu hiyo, kisha mazungumzo yakahamia kwenye bei ya bando.

Swali hilo silikatazi, kwa kuwa mashindano ni asili ya mchezo. Ila namwambia msomaji kwamba jibu lake, kama litolewavyo aghalabu, halimfai mtu apendaye kuongeza umahiri wake. Tarakimu hiyo imejumlisha siku ya kwanza uliposhika simu usijue hata kitufe cha kuruka, na usiku wa jana, na wiki zile ambazo binamu yako alikuwa akiichezea akaunti yako wewe ukiwa shule. Nawe ukiitazama hiyo peke yake umekuwa kama mkulima aliyechanganya mavuno ya misimu kumi katika ghala moja, kisha akasimama mlangoni akiuliza ni kwa sababu gani mahindi ya msimu huu hayakuzaa. Kinachofaa kutazamwa ni mechi za karibuni, ishirini au thelathini za mwisho, mojamoja, na katika hizo anza na zile ulizopoteza kabla ya zile ulizoshinda. Zinapatikana wapi, husomwaje, na ni nini cha kujihadhari nacho, ndiyo maneno yangu katika mwongozo huu.

Kwanza hakikisha kwamba rekodi utakayoisoma ni yako. Michezo ya simu kama Garena Free Fire, uliotoka mwaka 2017, na Call of Duty: Mobile, uliotoka tarehe 1 Oktoba 2019, imewahi kumruhusu mtu kuingia kama mgeni bila ya kujiandikisha, na wengi wetu tuliingia kwa mlango huo kwa sababu ni mwepesi, lakini akaunti ya mgeni hukaa ndani ya simu ile ile, hata simu ikiibiwa, ikianguka mtoni, au ikifutwa na fundi aliyetumwa kuiondolea virusi, rekodi yote hupotea pamoja nayo wala hakuna wa kumlalamikia. Basi kabla ya jambo lolote ingia katika mipangilio ya mchezo, uifungamanishe akaunti yako na Google, Facebook, au njia nyingine itolewayo na mchezo wenyewe. Na ikiwa simu ni moja na wachezaji ni wawili, kama ilivyo katika nyumba nyingi, kila mtu na awe na akaunti yake, maana hakuna hekima iwezayo kutenganisha makosa ya ndugu wawili yakiisha kuandikwa chini ya jina moja.

Wale wachezao katika vibanda vya PlayStation, ambavyo sasa havikosekani katika miji yetu tangu Migori hadi Homa Bay, wana taabu ya namna nyingine: akaunti ni ya mwenye kibanda, mara nyingi mashine haikuunganishwa na mtandao kabisa, na takwimu zionekanazo humo ni mchanganyiko wa mikono mia. Mtu wa kibanda asipoteze wakati kuzitafuta. Yeye achukue daftari la shilingi chache, na kila mechi ikiisha, kabla mwenzake hajaipokea padi, aandike matokeo yaliyo kwenye skrini ya mwisho. Rekodi hiyo ya kalamu, ikiandikwa kwa uaminifu, yaweza kuwa bora kuliko ile ya mashine, kwa sababu nitakayoieleza mbele.

Tukiisha kukubaliana juu ya umiliki, na tuufungue mchezo. Katika PUBG Mobile, ambao ulifunguliwa kwa dunia nzima Machi 2018, gusa picha yako katika skrini ya mwanzo, nawe utaingia katika ukurasa wa wasifu wako. Humo mna milango miwili ambayo watu huichanganya. Mmoja ni wa takwimu za jumla za msimu, wenye wastani na asilimia za kila namna. Wa pili ni wa orodha ya mechi zilizopita, kila mechi na tarehe yake, ramani yake, nafasi mliyoshika na idadi ya maadui uliowamaliza. Na ukigusa mechi moja hufunguka zaidi, ukaona na wenzako wa kikosi walifanya nini. Mlango wa pili ndio wetu. Katika Free Fire na Call of Duty: Mobile mpango ni ule ule, yaani picha yako kwanza, kisha wasifu, kisha historia ya mechi, isipokuwa kwamba Call of Duty hutenga mechi za timu mbili na mechi za uwanja mkubwa ambamo wa mwisho kubaki hai ndiye mshindi, nawe yakupasa uchague namna moja kabla ya kusoma. Majina ya vitufe hubadilika kila toleo jipya liingiapo, na mwongozo ukiyataja yote huzeeka kabla haujasomwa. Lakini njia ya kupita kwenye picha yako mwenyewe haijabadilika miaka yote hii.

Wachache walio na kompyuta nao wana milango yao. Mchezaji wa Counter-Strike 2, uliochukua mahali pa ule wa kabla yake tarehe 27 Septemba 2023, huzikuta mechi zake ndani ya mchezo katika sehemu ya kutazamia mechi, na vile vile katika wasifu wake wa Steam, duka la michezo ya kompyuta, chini ya data binafsi za mchezo, ambako pamewekwa pia marudio ya mechi nzima ya kupakuliwa. Na marudio hayo hayakai milele, kwa hiyo ayatakaye ayachukue mapema. Katika Valorant, wa kampuni ya Riot, uliotoka tarehe 2 Juni 2020, kitufe kimeandikwa "Career", na kila mechi humo hufunguliwa raundi kwa raundi, hata ukaona ni nani alimwangusha nani, na fedha za mchezo zilitumikaje. Jambo hili la kumwachia mchezaji azichunguze mechi zake baada ya mapigano si geni kama vijana wadhanivyo: Halo 2 ilipotoka Novemba 2004, kampuni ya Bungie iliwawekea wachezaji tovuti ambayo ndani yake kila mechi iliandikwa, na watu wa Marekani walikesha wakibishana juu ya hesabu zile hata kabla wengi wetu hatujamiliki simu ya kitufe.

Neno moja juu ya saa, kwa sababu linawapoteza watu. Rekodi zilizo ndani ya Steam huandikwa kwa saa za GMT, na tovuti nyingine hufanya hivyo hivyo, ilhali sisi tuko mbele kwa saa 3; na juu ya hapo Mswahili huhesabu saa zake tangu machweo na macheo. Mechi iliyoandikwa Ijumaa 22:15 ilichezwa kwa saa za Kenya Jumamosi 01:15, ndiyo saa saba na robo usiku wa kuamkia Jumamosi. Usipoigeuza hesabu hiyo utasema, "Mechi za jioni ndizo zinishindazo," kumbe ni zile za usiku wa manane, ulipokuwa umelala nusu na chaji imebaki kidogo.

Sasa orodha iko mbele yako. Kabla ya kukisia lolote, itenge. Mechi za kucheza peke yako zisikae pamoja na za watu wawili au za kikosi cha wanne. Mechi za daraja zisikae na zile za kujifurahisha. Mechi za mtazamo wa nyuma ya bega zisikae na za mtazamo wa machoni. Mtu atasema kwamba haya ni mambo ya watu wa ofisi, lakini hesabu yenyewe inamkanusha. Katika PUBG Mobile, wachezaji 100 wakishuka kila mtu kwa nafsi yake, na wote wakiwa sawa kwa ustadi, kila mmoja atashinda mechi 1 katika 100. Wakishuka kwa vikosi vya watu wanne, vikosi ni 25, na kila kimoja kitashinda mara 4 katika 100. Katika Free Fire, ambamo hushuka 50, nafasi ya mtu wa peke yake tayari ni mara 2 katika 100. Basi kijana ajisifuye kwamba ushindi wake umepanda mara mbili tangu mwezi uliopita, yamkini hakuongeza ustadi wowote, ila ameongeza marafiki, au amehama mchezo.

Kuna na jambo la maboti, ambalo wachezaji hulitaja kwa kunong'ona kana kwamba ni aibu. Katika madaraja ya chini ya PUBG Mobile, na katika siku za mwanzo za Call of Duty: Mobile, wengi wa maadui si watu bali ni programu, ambazo hukimbia kwa mstari ulionyooka, husimama wazi zikipiga, na hukosa shabaha kwa ukarimu mkubwa, nazo kampuni huziweka humo ili mgeni asikate tamaa akaondoka. Nia yao siilaumu. Lakini aliyemaliza maboti 12 katika mechi moja ameandikiwa 12 zile zile anazoandikiwa aliyemaliza watu, na orodha haimwambii tofauti. Kwa hiyo usishangae tarakimu zako zikishuka pindi unapopanda daraja, na wala usishuke daraja kwa makusudi ili zipande. Wako wafanyao hivyo kwa akaunti ya pili, nami sijaona mmoja wao aliyekuwa mpiganaji bora kwa njia hiyo.

Tukifika kwenye hiyo K/D yenyewe, uliza kwanza kilichogawanywa kwa nini. Michezo mingine huchukua idadi ya maadui uliowamaliza ikaigawa kwa idadi ya vifo vyako. Mingine imewahi kugawa kwa idadi ya mechi. Katika mechi za timu, ambamo mtu hufa na kufufuka mara kumi kwa dakika kumi, na katika mechi ya uwanja mkubwa, ambamo hufa mara moja tu au asife kabisa, hesabu hizi mbili si jamaa, wala hapana maana ya kuzilinganisha. Kisha uiogope mechi moja kubwa. Tuseme katika mechi kumi za mwisho umemaliza maadui hivi: 0, 1, 0, 2, 1, 0, 9, 1, 0, 2. Jumla ni 16, na wastani ni 1.6 kwa mechi, tarakimu isiyo mbaya kuitaja kibarazani. Iondoe ile ya tisa, na waliobaki wanakuwa 7 kwa mechi tisa, hawafiki hata mmoja kwa kila mechi. Zipange kwa ukubwa, utazame iliyo katikati: ni 1. Huyo wa moja ndiye wewe wa siku zote; yule wa tisa ni mgeni aliyepita usiku mmoja, na bila shaka ndiye unayemkumbuka.

Baada ya hapo, madhara uliyowatia maadui, ambayo vijana huyaita dameji, yana habari kubwa kuliko idadi ya waliokufa, kwa sababu hayategemei ni nani aliyepiga risasi ya mwisho. Mtu mwenye dameji nyingi na maadui wachache aliowamaliza aghalabu hupiga vizuri kutoka mbali lakini hafuati, au wenzake ndio wamaliziao. Mwenye dameji chache na maadui wengi huokota walioangushwa na wengine. Hakuna ubaya katika vyote viwili, ila mazoezi yao si mamoja. Asilimia za risasi za kichwa na za shabaha kwa jumla husomwa pamoja na silaha, la sivyo hazina maana, kwani bunduki ya kulengea mbali na ile ya kumwaga risasi karibu haziwezi kupimwa kwa kipimo kimoja. Muda wa kuishi ni kipimo kizuri, lakini kina hila: ajifichaye chooni dakika ishirini ana muda mrefu kuliko shujaa, na huo haujamfundisha kitu. Usome ubavuni mwa dameji. Muda mrefu wenye dameji sifuri mechi baada ya mechi ni alama ya woga, nami nasema hivyo bila kumdharau mtu, kwa sababu woga ni jambo liwezalo kurekebishwa likiisha kuonekana.

Mambo yote haya mashine huyaandika. Lisiloandikwa ni sababu. Orodha itakuambia kwamba ulishika nafasi ya 14. Haitakuambia kwamba ulisimama katikati ya uwanja ukitafuta bandeji, wala kwamba mama alikuita umletee maji, wala kwamba stima ilipotea na modemu ikazimika huku mtu wako amesimama wima kama mlingoti akipigwa risasi. Hii ndiyo maana nikasema kwamba daftari laweza kuishinda mashine. Andika usiku ule ule, kabla ya kulala, neno moja au mawili mbele ya kila mechi uliyopoteza: ulishukia wapi, ulikufa dakika ya ngapi, ulikuwa unafanya nini, na je, ulimwona aliyekuua kabla hajakuua. Swali hili la mwisho lina thamani kuliko yote. Asiyemwona muuaji wake ana tatizo la mahali aliposimama na njia aliyopita. Aliyemwona akashindwa kumpiga ana tatizo la mkono. Na watu wa kundi la kwanza, ambao ndio wengi, huenda wakatumia mwezi mzima kufanya mazoezi ya shabaha yasiyowahusu.

Ikiwa hukumbuki, marudio yatakukumbusha. PUBG Mobile ina marudio ya kifo, yakionyesha macho ya aliyekupiga, nayo huwashwa katika mipangilio. Call of Duty: Mobile huonyesha marudio ya kifo chako katika mechi za timu pale pale unapokufa, na kitufe cha kuyaruka, ambacho vidole vya wengi hukibonyeza bila ya fikira, na kiachwe. Kwa mwenye kompyuta marudio ya mechi nzima ni hazina, ila ni mazito kupakua, na mtu ategemeaye bando la siku afanye hesabu kwanza; orodha ya mechi haili kitu kikubwa, lakini video na matoleo mapya ya mchezo humaliza bando kabla ya adhuhuri.

Natoa mfano wa kubuni, ili njia yote ionekane mara moja. Kijana ana mechi kumi za kikosi katika ramani ya Erangel, ambayo ni mraba wa kilomita 8 kwa 8. Akizitazama kwa jumla huona kitu kimoja tu, kwamba hakushinda hata moja. Akizifungua mojamoja na daftari lake likiwa pembeni, huona kwamba katika nne alikufa kabla ya dakika ya tano, na zote nne alishukia Pochinki, mji ulio katikati ya ramani, unaopendwa na kila mwenye haraka. Tatu kati ya hizo hakumwona aliyempiga. Katika sita zilizobaki aliishi hadi dakika ya kumi na tano au ishirini, dameji yake ikawa kati ya 250 na 400, na katika nne za hizo aliuawa akivuka mahali peupe, duara la eneo salama lilipokuwa likipungua na kumfinya kwa nyuma. Hapo kosa si moja, ni mawili yasiyohusiana. La kwanza halihitaji umahiri wowote, ni kuacha kushukia Pochinki. La pili ni la wakati: aanze kuondoka duara linapotangazwa, wala asingoje lianze kumla. Na mkono wake, ambao alikuwa anataka kuubadilishia mipangilio yote ya usikivu wa skrini, hauna kasoro ya kutajwa. Mtu asiyejua kupiga hapati dameji 400.

Ajirekebishe moja kwanza. Mechi kumi zifuatazo ashukie kwingine, na asibadilishe bunduki, wala usikivu, wala wenzake. Kisha atazame ni ngapi alikufa kabla ya dakika ya tano. Ikiwa ni moja badala ya nne amepata alichokitafuta, ingawa huenda bado hajashinda mechi hata moja. Abadilishaye mambo matano kwa pamoja, hata akifanikiwa, hajui ashukuru lipi.

Juu ya mtandao lazima tuseme kwa haki, maana ndio usingiziwao kila kitu. Seva za michezo mingi tuchezayo haziko Kenya, na risasi yako hupita minara hadi Mombasa, kisha hushuka baharini. Waya wa TEAMS, uliofika mwaka 2009, huiunganisha Mombasa na Fujairah katika Falme za Kiarabu, mwendo wa kadiri ya kilomita 5,000. Mwanga ndani ya kioo hukata kadiri ya kilomita 200 kwa kila milisekunde, kwa hiyo kwenda na kurudi peke yake ni milisekunde 50 ambazo hakuna kampuni wala simu ya bei kubwa iwezayo kuzipunguza, na hizo ni kabla ya kuhesabu mnara wa hapa na njia ya kutoka Migori hadi pwani. Siku nyingine mambo huharibika kwa yakini: tarehe 12 Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilikatika baharini, na mtandao wa Afrika ya Mashariki ukawa wa kusuasua; mechi za siku kama hizo zifute katika hesabu yako bila ya huruma. Lakini kwa siku za kawaida, andika pingi, yaani milisekunde za kwenda na kurudi, uliyoiona mwanzo wa mechi, kisha baada ya mechi ishirini uzitenge za pingi kubwa na za pingi ndogo, ulinganishe dameji. Ikiwa tofauti ni kubwa, tafuta saa nyingine ya kucheza au laini nyingine. Ikiwa tofauti haionekani, basi mtandao umeonewa, na utafute sababu karibu zaidi.

Wako watakaotaka kusoma takwimu zao katika tovuti za nje, ambazo hupanga hesabu kwa uzuri kuliko mchezo wenyewe. Kwa michezo ya kompyuta zipo za kuaminika, kama tracker.gg kwa Valorant na Leetify kwa Counter-Strike. Ya kwanza hukutaka uingie mwenyewe kwa akaunti yako ya Riot ndipo rekodi yako ionekane hadharani, na ya Counter-Strike hutumia msimbo maalumu wa historia ya mechi ambao Steam hukupa, usio nywila yako. Wachezaji wa PUBG wa kompyuta wajue kwamba hifadhi rasmi ambayo tovuti hizo huchotea hutunza mechi kwa siku 14 tu, kwa hiyo atafutaye mechi ya mwezi uliopita, na haikuchotwa na tovuti yoyote wakati ule, hataikuta.

Kwa michezo ya simu tahadhari ni kubwa zaidi. Ukurasa wowote ukuambiao kwamba utakuonyesha takwimu zako, na papo hapo ukakuahidi UC, yaani fedha za PUBG Mobile, za bure au almasi za Free Fire za bure, kisha ukakuomba nywila ya Facebook, ni mtego mtupu; akaunti zilizoibwa kwa njia hiyo huweza kuuzwa siku hiyo hiyo, na mwenyewe hubaki akiwapigia simu rafiki zake kuwaambia wasitume fedha kwa jina lake. Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Makosa ya Mtandaoni ya mwaka 2018 inaufanya ulaghai huo kuwa jinai, lakini kesi haimrudishii mtu msimu wake. Nywila huandikwa katika ukurasa wa mwenye nywila tu, yaani Google, Facebook, Riot au Steam, na anwani yake husomwa herufi kwa herufi kabla ya kuandika lolote.

Na ikiwa unataka yote yaliyoandikwa juu yako, zaidi ya hayo machache yaonyeshwayo na skrini, Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 imempa kila mtu haki ya kuomba aonyeshwe data zake na wale wanaozishika, na kampuni kubwa za michezo zina kurasa za msaada za kupelekea maombi kama hayo. Majibu huchukua muda, huja kama faili refu la safu na safu, na ni machache kati yake yatakayokufaa uwanjani. Ila kwa mwenye subira na kompyuta ya kuazima ni namna nzuri ya kujifunza hesabu kwa kitu akipendacho.

Limebaki la mwisho, ambalo husahauliwa kila msimu. Msimu ukifungwa, daraja hushushwa, takwimu za msimu huanza upya tangu sifuri, na orodha ya mechi za zamani huenda ikafutika isionekane tena. Siku mbili au tatu kabla ya siku hiyo, ambayo mchezo huitangaza wenyewe, piga picha za skrini za ukurasa wa takwimu kwa kila namna ya mechi uichezayo, moja ya peke yako, moja ya wawili, moja ya kikosi. Ziandikie nambari ya msimu na daraja ulilofika, kisha uzitume kwenye barua pepe yako au simu ya mtu wa nyumbani, zisikae katika simu ile ile peke yake.